UZI: Nyota zikishindana, uwanja wa haki ni huku kwetu tu

Jirani_wa_Dunga (mleta uzi)

Wadau, salamu. Uzi ni mrefu, mwenye haraka apite.

Juzi stima zilipotea hapa Kisumu, kuanzia Nyalenda hadi huku Dunga kando ya ziwa, giza tupu. Simu ilikuwa imebaki na chaji ya kuhesabu. Nikatandika mkeka nje, tukalala chali mimi na mpwa wangu wa miaka saba, mtoto wa dada yangu, mwenye maswali kama wakili wa upande wa mashtaka. Akanyamaza muda mrefu nikadhani usingizi umemchukua. Kumbe alikuwa anapanga ligi.

"Mjomba, nyota zikipigana, gani inashinda?"

Nikamwambia nyota hazipigani. Akageuka akaniangalia kwa huruma. Basi nikasalimu amri, tukaanzisha mashindano.

Kanuni ya kwanza aliitoa yeye: wanaingia walio hai tu. Nikamuuliza nyota hai ni ipi. "Inayowaka yenyewe." Sijui alilitoa wapi, lakini nimelizungusha jibu hilo siku tatu sijaona ufa. Nyota hai ni ile ambayo ndani kabisa bado inaunganisha hidrojeni kuwa heli, au imemaliza hiyo na inaunganisha vitu vizito zaidi. Moto ni wake mwenyewe, haukukopwa kwa mtu. Kwa kanuni hiyo Zuhura alirudishwa mlangoni na mapambo yake yote. Anang'aa kuliko nyota zote, ndiyo, lakini nuru ni ya kuazima. Mshtarii naye vivyo hivyo. Ukitaka kuwatambua hawa wapiga debe, angalia kama wanametameta: nyota hupepesa, sayari hukukodolea macho.

Halafu washindani wakaingia. Nawaeleza kama nilivyomsimulia mtoto.

Wa kwanza Shira. Huyu huingia kama makanga wa matatu ya saa kumi na moja jioni, nusu mwili uko nje ya mlango, anapiga bati. Nyeupe kwa ubuluu, anametameta mpaka rangi zinaruka. Anasema yeye ndiye mwangavu kuliko nyota zote za usiku, na kwa macho yetu hasemi uongo.

Nyuma yake, upande wa kusini juu ya ziwa, Suheli. Mzee wa maneno machache. Nafasi ya pili kwa mwangaza, na hajawahi kulalamika.

Rijili, buluu, kijana mwenye pesa. Ngozi yake ina joto la nyuzi kama 12,000, mara mbili ya Jua na zaidi. Anatumia kama mtu aliyeuza shamba la urithi jana.

Halafu ardhi ikatikisika: Ibuti la Jauza. Fahali mwekundu, tumbo limemtangulia. Ukimweka pale Jua lilipo, Utaridi, Zuhura, Dunia na Mirihi wote wangekuwa ndani ya tumbo hilo. Akisimama anahema, na akihema anavimba na kunywea.

Alifuata Dabarani, na Kilimia wakaja kundi zima wakitaka kusajiliwa kama timu. Nikawakubali kwa sharti wakae benchi.

Mtoto akauliza Jua je. Nikasema Jua halichezi, kwa sababu likiingia uwanjani hakuna mwingine anayeonekana. Tena ni mwenyeji, refa atasemwa. Akakubali shingo upande.

Sasa hoja yangu kwenu wakubwa ni uwanja. Nashikilia kwamba mashindano haya hayawezi kufanyika kwa haki popote isipokuwa kwenye ikweta, na ikweta tunayo pale Maseno, barabara ya kwenda Busia, kibao kipo. Mtu wa London hajawahi kumwona Suheli kwake. Mzee haruki upeo wa macho wa kule. Mtu wa kusini kabisa naye hawajui wachezaji wa kaskazini. Huko kwao zipo nyota zinazozunguka usiku kucha bila kuzama na nyingine zinachungulia saa mbili zinarudi ndani. Huo ni upendeleo wa uwanja! Kwetu kila nyota, iwe ya kaskazini au ya kusini, inachomoza, inacheza karibu saa 12, inazama. Hakuna dakika za nyongeza. Na zile nyota tatu za mstari, mkanda wa mwindaji Jabari, ya kwanza kuchomoza kati yake, Mintaka, inapita utosini kabisa mwa Maseno. Mwanzoni mwa Februari huu, saa tatu na robo usiku, simama pale kwenye kibao uangalie juu mpaka kofia idondoke.

Nangoja mapingamizi.

---

Nax_Mzawa

Pingamizi namba moja. Ikweta imekuwa mali ya Maseno lini? Sisi Nakuru tukienda Baringo tunaivuka Mogotio, na kibao kiko pale watu wanapiga picha. Na uwanja tunao tayari, kreta ya Menengai, kilomita kama 12 kwa 8, kuta zake zimesimama pande zote. Watazamaji wanakaa ukingoni, nyota zinashuka ndani. Nyinyi mna nini? Kiwanja cha shule?

---

Ingo_Damu

Menengai mtakaa mkipigwa na baridi tu. Leteni mchezo Kakamega. Sisi ndio tunajua kupiganisha. Fahali wa Khayega na Shinyalu hawakuanza jana. Alfajiri unasikia isukuti inatoka kwa mwenye ng'ombe, kijiji kinatembea nyuma yake, mwenye fahali anamnong'oneza mnyama kama anayempa siri ya nyumba. Na kanuni yetu haihitaji kitabu: anayegeuza mgongo ameshindwa.

Mimi fahali wangu ni Ibuti. Jina tu linatosha.

---

Mtu_wa_Lamu

Ndugu Ingo, nakuonea haya kukwambia. Hilo jina ni Kiarabu, na ibuti ni kwapa. Fahali wako anaitwa Kwapa.

Mimi niko Kisumu kikazi mwaka wa tatu, na nimefurahi kuona watu wa bara wanamtaja Suheli. Kwetu suheli ni nyota na ni upande wa kusini pia, neno ni moja. Na mleta uzi, umewaweka Kilimia benchi kwa kosa kubwa. Wazee wetu walisema Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Hao ndio wanaotwambia wakati wa kulima, jina lenyewe linasema. Nyota gani nyingine ya kwenu hapo ina kazi?

---

Ingo_Damu

Kwapa lenye pembe bado ni fahali.

---

Mwalimu_Mstaafu

Vijana, hamjambo. Nilifundisha fizikia miaka mingi hapa jirani na hicho kibao cha Maseno, kwa hiyo nina masilahi, naitangaza mapema.

Raundi ya kwanza, Shira na Suheli, imeamuliwa kwa macho, na macho ni refa mbovu. Shira yuko umbali wa miaka ya nuru 8.6 (mwaka wa nuru ni mwendo wa nuru wa mwaka mzima). Huyo ni jirani wa ukuta kwa ukuta. Redio ya jirani hata iwe ndogo itakunyima usingizi. Suheli yuko miaka ya nuru kama 310, na bado anakaribia kumfikia! Shira anatoa nuru mara 25 hivi ya Jua letu. Suheli ni zaidi ya mara elfu kumi. Wanaanga wana dawa ya ugomvi huu: kwenye hesabu zao huwapanga wote mstari mmoja, umbali wa miaka ya nuru 32.6, kama wakimbiaji, ndipo wanawalinganisha. Kwenye mstari huo Suheli anampiga Shira bila kutoka jasho. Rijili anawapiga wote wawili. Akisimama hapo, Zuhura angeonekana kibatari.

Mleta uzi, rekebisha matokeo.

---

Jirani_wa_Dunga (mleta uzi)

Mwalimu, shikamoo. Matokeo yamerekebishwa. Shira anapiga kelele nje ya uwanja kwamba ameibiwa, lakini ndiyo tabia yake.

Nax, nimeipima Menengai yako. Ipo nyota iliyokufa, ya nutroni, upana wake ni kama kilomita 20 tu. Hata hiyo haiingii kwenye kreta, itakaa juu ya kingo kama chungu kwenye mafiga. Na ina uzito kulizidi Jua. Nakuru itabaki kweli?

---

Nax_Mzawa

Itabaki. Tumezoea matetemeko.

---

Mama_Mitumba_Kibuye

Samahanini wanangu, nimeusoma uzi wote nikingoja wateja. Mbona Jua mmelitoa? Nyinyi mnasifu vitu vya kuangalia usiku mkiwa mmelala kwenye mkeka. Mimi marobota yakilowa, anayenisaidia ni Rijili? Mahindi anayakausha nani? Hiyo omena mnayokula, si ilianikwa mchangani mpaka ikawa vile? Mpeni mwenye kazi yake nafasi.

---

Mwalimu_Mstaafu

Mama, heshima yako. Lakini kwenye ule mstari wa miaka ya nuru 32.6 Jua letu ni nukta dhaifu. Ukiwa kijijini kwenye giza zuri utaliona kwa kukaza macho. Ukiwa Kondele na taa zile, hulioni kabisa.

---

Mama_Mitumba_Kibuye

Mwalimu, mimi siishi kwenye huo mstari.

---

Jirani_wa_Dunga (mleta uzi)

Hapo Mwalimu amepigwa, tuendelee.

Nusu fainali, Rijili na Ibuti. Wote ni wa kundi la Jabari, yule mwindaji mwenye mkanda, mmoja mguuni mwingine begani. Ugomvi wa familia. Niliusimulia hivi.

Rijili alitangulia kurusha nuru, kali, nyembamba, inayokata. Ibuti hakukwepa. Alivuta pumzi na tumbo likapanda mpaka Kilimia wakasogeza benchi. Halafu akakohoa. Kikohozi cha fahali yule si hewa, ni sehemu ya mwili wake mwenyewe. Wingu zito likamtoka mdomoni, likapoa, likawa vumbi, likaja mbele ya uso wake. Uwanja mzima ukaona mwekundu amefifia. Watu wakaanza kuinuka: amekufa, amekufa. Rijili akashusha mikono. Vumbi likatawanyika, na yule mzee bado amesimama, macho yale yale, akamwambia kijana, "Ulifikiri ni lini?"

Hii sikuitunga yote. Kuanzia mwisho wa 2019 mpaka Februari 2020 Ibuti alififia kweli hadi chini ya nusu ya mwangaza wake wa kawaida. Dunia nzima ikakaa macho ikitarajia mlipuko. Ikaonekana baadaye kwamba alikuwa ametema kipande cha ngozi yake, kikageuka vumbi upande wetu. Alijifanya maiti kama mdaiwa mwisho wa mwezi.

---

Ingo_Damu

FAHALI WANGU! Isukuti ipigwe!

---

Nax_Mzawa

Subirini. Kanuni ni nyota hai. Nuru ya Ibuti inachukua mamia ya miaka kufika. Tunajuaje kwamba saa hii yuko hai? Pengine alishalipuka na habari iko njiani. Ng'ombe mfu hasajiliwi.

---

Mwalimu_Mstaafu

Swali zuri, hili nililipenda sana darasani. Tunachoona siku zote ni barua, na kila mmoja ameiandika siku yake. Barua ya Shira ina miaka minane na kitu. Ya Dabarani, miaka ya nuru 65, iliandikwa Kenya ikikaribia Uhuru. Ya Suheli iliandikwa kabla hata ya kufikiriwa reli, na reli ilifika Kisumu 1901. Kwa Ibuti, wataalamu wanampa mpaka miaka 100,000 kabla ya kulipuka. Mamia machache ya njiani ni kidogo mbele ya hiyo. Uwezekano mkubwa yu hai.

Lakini Ingo, usinunue ngoma mpya. Fahali wako ni mtoto. Hana hata miaka milioni 15. Dinosaria walipokufa, miaka milioni 66 iliyopita, alikuwa hajazaliwa, na sasa hivi yuko ukingoni. Jua lina miaka bilioni 4.6 na limebakiza karibu kama hiyo. Ukubwa ndio ulimponza. Nyota nzito ina tangi kubwa, ni kweli, lakini injini yake inakunywa vibaya mno. Ni trela linalopanda Timboroa na mzigo, ukiliweka pembeni mwa bodaboda iliyowekewa mafuta ya shilingi mia.

Na bodaboda yenyewe ipo. Inaitwa Proxima Centauri. Ndiyo nyota iliyo karibu nasi kuliko zote baada ya Jua, miaka ya nuru 4.24, na iligunduliwa hapa hapa Afrika, Johannesburg, 1915, na Robert Innes. Nyekundu, ndogo, uzito wake ni kama asilimia 12 tu ya Jua. Itawaka matrilioni ya miaka. Hao wote waliopita mbele ya mpwa wako kwa mbwembwe watazimika, na yeye atakuwa bado kwenye tone la kwanza la tangi. Mimi naomba asajiliwe.

---

Ingo_Damu

Yuko wapi tumwone?

---

Mwalimu_Mstaafu

Haonekani kwa macho. Lazima darubini.

---

Ingo_Damu

Mwalimu, unatuletea fahali asiyeonekana?

---

Mtu_wa_Lamu

Hapo nipo na Ingo. Mashindano bila mtazamaji ni mazoezi.

---

Karabai

Nimekuwa nikisoma bila kuandika, natumia simu ya mwenzangu. Mimi ni mvuvi wa omena. Niseme jambo moja kuhusu usiku, kwa sababu nyinyi mnautazama, sisi tunaufanyia kazi.

Mwezi ukiwa mpevu hatutoki, au tukitoka ni hasara. Ziwa lote linakuwa na nuru na omena hawana sababu ya kuja kwenye taa yako. Tunangoja giza la mwezi. Unaweka taa juu ya chelezo, unaiacha, unakaa kwenye mashua kimya na baridi inapanda kutoka miguuni. Kwanza wanakuja wadudu, wanaanguka majini. Halafu maji chini ya taa yanaanza kuchemka polepole, kama uji ukikaribia, na ukiinama unaona migongo yao, fedha tupu. Hapo ndipo unazungusha wavu. Saa hizo za kungoja hakuna cha kuangalia ila juu.

Mleta uzi alisema fahali mwekundu ni mmoja. Wako wawili. Saa nane usiku wa mwezi huu anatoka mwingine mashariki, upande wa nchi kavu, mwekundu vile vile. Wa kwanza anakuwa ameshuka magharibi karibu na maji. Wanatazamana hivyo saa moja na kitu, mmoja anapanda, mmoja anazama. Miaka yote nadhani wana neno lao. Huyo wa pili anaitwa nani?

---

Mtu_wa_Lamu

Huyo ni Kalbu ya Akarabu, moyo wa nge. Wazungu wanamwita Antares, maana yake mpinzani wa Mirihi, kwa sababu ya wekundu.

---

Mwalimu_Mstaafu

Karabai, umeniamsha. Wagiriki wa kale walisema mwindaji na nge hawakutani kamwe angani, mmoja akitoka mwingine ameshakimbia. Kwa kule kaskazini ni karibu kweli. Hapa ikweta Ibuti hajazama Kalbu ya Akarabu akichomoza. Nimepiga hesabu kwenye karatasi ya maziwa: ni dakika kama 85. Uwanja wetu ndio unaowakutanisha.

---

Jirani_wa_Dunga (mleta uzi)

Basi fainali imejipanga yenyewe, mafahali wawili wekundu, saa nane usiku, Ziwa Victoria katikati. Nax, sioni Menengai ikiingia hapa.

Ila lazima nikiri jambo. Mpwa wangu hakufika huko. Saa tano alikuwa anapigana na kope. Nikamwambia achague mshindi tukalale. Akanyoosha kidole, si juu. Chini, kwenye ziwa. "Ile, mjomba. Ile kubwa ya chini kabisa, inacheza juu ya maji." Zilikuwa kama nne zimepangana, alitaka ya tatu. Nikampa kombe, nikambeba ndani. Sikumwambia ni nini.

---

Karabai

Usiku gani?

---

Jirani_wa_Dunga (mleta uzi)

Jumanne. Ule ambao stima zilipotea.

---

Karabai

Jumanne tulikuwa taa nne mbele ya Dunga. Ya tatu ni yangu. Mwambie asante, lakini ilizima saa saba, betri imezeeka. Nilipata karai mbili tu.

---

Nax_Mzawa

RUFAA. Kanuni ya kwanza ya mtoto mwenyewe: inayowaka yenyewe. Taa ni ya kuwashwa. Kama Zuhura alirudishwa, na hii irudi.

---

Ingo_Damu

Kwanza tuulize. Karabai, hiyo betri unaichaji wapi?

---

Karabai

Hatuna stima pale kwenye banda. Kuna sola juu ya bati. Inashinda juani kutwa, jioni naichomoa naenda nayo.

---

Mama_Mitumba_Kibuye

Haya sasa. Aliyekuwa amekatazwa kucheza usiku ni nani vile?

---

Mwalimu_Mstaafu

Mama, naondoa mstari wangu.